WARIDI KATIKA NYIMBO ZETU: UA AU MARASHI?

Sifa zote njema ni za Mwenye Enzi Mungu, aliyeotesha maua katika ardhi moja na kwa maji mamoja, kisha akalipa kila moja rangi yake na harufu yake. Sala na salamu zimfikie Mtume wetu Muhammad (s.a.w.), jamaa zake na masahaba zake. Ama baada ya hayo.

Ndugu msomaji, keti barazani pako jioni moja ya msimu wa arusi, uyahisabu mawaridi yatakayopita masikioni mwako. Utalisikia waridi katika taarabu ya watu wazima. Utalisikia katika nyimbo za vijana zitokazo katika simu zao. Ukipita mbele ya chuo baada ya sala ya Isha, huenda ukalisikia katika kasida. Bibi arusi ni waridi, mchumba ni waridi, mke aliyekasirika akabembelezwa ni waridi, na watoto wetu wa kike tumewapa jina la Waridi tukaona tumewatunuku. Ni maua machache yaliyoingia katika nyumba zetu kwa milango mingi kama hili.

Jambo likiwa kila mahali, watu huacha kulitazama. Leo nataka tulitazame. Tuulize: mshairi anapolitia waridi katika wimbo wake, anatwambia nini? Na mtoto wako aliyeuhifadhi wimbo huo kabla ya kuhifadhi Juzuu Amma, ameshika nini kifuani mwake?

Mapema nikuondolee wasiwasi. Sikusudii hapa kuingia katika mas'ala ya udi, fidla na zumari. Wanachuoni wamesema mengi katika hayo, na pahala pake papo. Maneno yangu leo ni juu ya maneno. Wimbo ukiuvua ngoma zake zote hubaki maneno yake, na hayo ndiyo yanayokaa na mtu hatta uzeeni.

TULILIJUA KWA PUA

Neno waridi tumelitwaa katika Kiarabu, ward, na wataalamu wengi wa lugha wasema kuwa Waarabu nao walilipata kwa Waajemi zamani sana. Sisi tukalivika nguo ya Kiswahili, kisha tukalizalisha. Mti wake tukauita mwaridi, mafuta yake mazito halwaridi, na maji yake marashi mawaridi. Chombo cha shingo ndefu cha kunyunyizia maji hayo ndicho mrashi.

Zingatia hapo. Mwaridi ni mti upendao baridi. Mashamba yake yanayosifika yako milimani: Jabal Akhdar katika Omani, Taif mashariki ya Makka, na Qamsar karibu na Kashan katika Iran. Pwani yetu ina joto, mchanga na upepo wa chumvi. Maua yetu wenyewe ni asumini, kilua, afu, mkadi na mlangilangi, pamoja na majani ya mrihani. Hayo ndiyo mama zetu waliyoyafungia vikuba na kuyatungia makoja. Waridi halikuwa ua la uani kwetu. Lilitujia likiwa ndani ya chupa, katika majahazi ya kaskazi. Wazee wetu wengi walilijua kwa pua miaka mingi kabla ya kuliona kwa macho.

Na maji hayo hufanywaje? Kule Jabal Akhdar mawaridi huchumwa baina ya mwisho wa Machi na katikati ya Mei, mapema asubuhi, kabla ya jua kuyanyang'anya harufu. Kwa njia ya zamani, hutiwa katika chungu ndani ya tanuri la udongo, na moto ukawashwa chini yake. Mvuke hupanda, ukagonga chombo chenye maji baridi kilichowekwa juu, ukageuka matone, na matone yakakingwa. Kisha maji hayo huachwa yatulie majuma kadha wa kadha mpaka yatakate. Kazi hii ya kukeneka manukato ni kongwe katika miji ya Waislamu. Al-Kindi, mwanafalsafa wa Iraq wa karne ya 9, aliitungia kitabu kizima.

Baada ya taabu yote hiyo, maji ya waridi hufanya nini? Hunyunyizwa katika maulidi, watu wasimamapo kumsalia Mtume (s.a.w.). Hutiwa mgeni mikononi. Hupitishwa arusini, na hunyunyizwa juu ya sanda ya maiti. Al-Kaaba tukufu huoshwa kwa maji ya Zamzam yaliyochanganywa na maji ya waridi. Na Salahuddin alipoirejesha Baitul Maqdis mwaka 1187, Qubba ya Mwamba ilioshwa kwa maji hayo hayo.

Mwenye kushika mrashi katika maulidi huanza upande mmoja wa jamaa akamalizia upande wa pili. Hamruki hamali ili amfikie tajiri, wala hamruki mtoto. Hayo ndiyo mafunzo ya kwanza ambayo pwani yetu iliyapata kwa waridi: kuwa ua limekatwa, limepita motoni, rangi yake yote imekwisha, na hapo ndipo lilipoanza kuwafaa watu, tena watu wote. Yashike maneno haya, tutayahitaji mbele.

KATIKA KITABU NA KATIKA KASIDA

Qur'ani Tukufu imelitaja waridi katika Suratur Rahman, aya ya 37, na pahala hapo si pa mapenzi. Ni khabari ya Siku ya Kiyama, mbingu itakapopasuka ikawa nyekundu, na wafasiri wengi wameeleza kuwa ni wekundu wa ua hili. Mtu aliyelijua waridi kwa nyimbo peke yake, akifika katika aya hii atashituka. Ua lile lile alilozoea kumtajia mchumba limewekwa kuwa mfano wa siku ambayo mama mwenye kunyonyesha atamsahau mwanawe. Qur'ani haikulikataza ua lisitajwe kwa uzuri. Imetukumbusha tu kuwa uzuri nao una Mwenyewe, na una siku yake.

Watunzi wa kasida wao hulitaja waridi kwa harufu yake wanapomsifu Mtume (s.a.w.), na katika mlango huu iko khatari moja. Yamezagaa maneno kuwa waridi liliumbwa kutokana na jasho la Mtume (s.a.w.), na watu huyasoma na kuyaimba kama hadithi. Imamu Nawawi amesema hadithi hiyo haikusihi, na Ibn Hajar ameihisabu katika za kuzuliwa. Wala Mtume wetu hana haja ya uzushi wetu. Katika Sahihi ya Muslim imepokewa kuwa Ummu Sulaim alilikusanya jasho la Mtume (s.a.w.) alipokuwa amelala kwake mchana, akalitia katika manukato yake, kwani lilikuwa na harufu nzuri kuliko manukato yenyewe. Hiyo ni khabari sahihi, na kwa mtunzi mwenye akili ni nzuri kuliko ile ya uwongo, maana ndani yake mna mwanamke mwenye jina lake, mna nyumba, na mna chupa mkononi. Kasida ikijengwa juu ya kweli haipungui utamu.

Huko Uajemi nako, waridi lilipata mwenyeji mkubwa. Saadi wa Shiraz alimaliza kitabu chake alichokiita Gulistan, yaani Bustani ya Mawaridi, mwaka 1258, mwaka ule ule uliovunjwa mji wa Baghdad. Katika utangulizi wake ameeleza kuwa alikuwa bustanini na rafiki yake, na rafiki akajaza maua katika upindo wa nguo yake ili aende nayo mjini. Saadi akamkumbusha kuwa ua haliishi ila siku chache, akamuahidi kumtungia bustani isiyonyauka. Yule rafiki, ndugu msomaji, akayamwaga maua yake yote akamshika Saadi nguo amtimizie ahadi. Tazama akili ya mtunzi huyu. Ameliona waridi likinyauka, na kunyauka kwake kukamsukuma atafute kitakachobaki.

WARIDI LAINGIA TAARABUNI

Nyimbo zetu za taarabu zilipata waridi lao kwa njia ya Misri zaidi kuliko kwa njia ya Shiraz. Sultani Barghash, aliyetawala Unguja kutoka mwaka 1870 mpaka 1888, alimpeleka Mohamed bin Ibrahim kujifunza muziki huko Misri. Mwaka 1905 kikaundwa chama cha Ikhwani Safaa, na siku hizo nyimbo ziliimbwa kwa Kiarabu. Baadaye zikaja sahani za santuri na filamu. Mwaka 1933 Mohammed Abdel Wahab alitokea katika filamu iliyoitwa Waridi Jeupe, kisa cha kijana asiye na mali aliyempenda binti wa mwajiri wake, wakatenganishwa na daraja zao. Mwaka 1947, katika filamu ya Fatma, Umm Kulthum aliimba wimbo wa kulisifu waridi uliotungwa na Bayram al-Tunisi na kutiwa sauti na Zakariyya Ahmad. Humo maua yamefanywa barua baina ya wapendanao, na msikilizaji anaambiwa ayatazame maua ajifunze.

Sizitaji kazi hizo kwa kuwa zote nazikubali. Nazitaja ili uone jambo moja. Katika kazi hizo waridi ni kitu kinachopita baina ya watu wawili. Mmoja anatoa, mwengine anapokea. Wote wawili wamebaki watu, wana akili zao na mikono yao, na ua liko katikati. Hicho ni kiasi cha uungwana, hatta pale ambapo sheria ina neno la kusema juu ya mengine.

Sasa irejee pwani yetu. Mwana Kupona binti Mshamu, katika utenzi aliomtungia binti yake mwaka 1858, anamfundisha mwanawe kujipamba katika nyumba ya mumewe: hina, wanja, manukato, na asumini ya kutandazwa malaloni. Wako leo wanaoulaumu utenzi huo kuwa umemlemea mwanamke, na mjadala wao una pahala pake. Lakini katika mas'ala yetu ya maua, tazama ua liko wapi. Limo mkononi mwa mwanamke mwenyewe. Yeye ndiye anayeitunga asumini, yeye ndiye anayeieneza. Mwana Kupona hakumwambia binti yake kuwa yeye ni asumini. Alimwambia afanye nini na asumini.

Hapa ndipo penye hitilafu ninayotaka uione. Katika nyimbo nyingi tunazozisikia sasa, mwanamke hakushika ua. Yeye ndiye ua. Na ua halina la kusema. Ua halikubali wala halikatai, haliulizwi mahari yake, halina baba wala ndugu, halina ada ya kutoka kwao. Linaonwa, linatamaniwa, linachumwa. Mwimbaji hujisifu kuwa ameruka ua wa watu akalipata, au hulalamika kuwa mwengine amemtangulia. Kila mzazi aliyewahi kuozesha ajua kuwa arusi ina posa, ina barua, ina wazee waliokaa mkekani, na ina binti anayeulizwa ridhaa yake. Wimbo wa ua lililochumwa umeyafuta yote hayo kwa neno moja, na sisi twauimba katika arusi ile ile.

KUNYAUKA KWA NANI?

Liko la pili, nalo ni zito zaidi. Ua lina siku chache. Washairi wote wamelijua hilo, nasi hatuwezi kuwalaumu kwa kusema kweli. Lakini walikitumia kitu hicho kumpigia mfano nani?

Mwenye Enzi Mungu katika Suratul Hadid, aya ya 20, ameupigia mfano uhai wa dunia kwa mimea inayowapendeza wakulima, kisha ikakauka, ukaiona imekuwa manjano, kisha ikawa mapepe. Washairi wetu wakubwa walilishika fundisho hilo. Sayyid Abdallah bin Ali bin Nasir, katika Al-Inkishafi, aliutazama mji wa Pate na majumba yake yaliyokuwa yakiwaka taa, yakawa magofu, akauambia moyo wake uzinduke. Kilichonyauka katika ushairi wa wazee ni dunia: mali, majumba, ufalme, na mwili wa mtunzi mwenyewe.

Angalia sasa kilichopita. Mfano ule ule umeondolewa katika dunia ukawekwa juu ya mwanamke. Yeye ndiye anayenyauka. Mwanamume anayeimba hanyauki kabisa. Hakuna wimbo wake unaotaja kuwa ana mvi na meno yamemtoka. Amekuwa yeye mtunza bustani wa milele, apitaye akatupa lililokauka akachuma lililochanua. Mfano uliowekwa utuogopeshe na dunia, sasa unatufundisha kuila dunia upesi upesi. Huko ni kuipindua hekima ikatazama chini.

Usiseme, ndugu msomaji, kuwa haya ni maneno ya vitabuni. Mama mmoja alinijia kuniuliza juu ya edda yake. Alikuwa amekaa na mumewe zaidi ya miaka 20, wamezaa na wamezika pamoja. Nikamuuliza sababu ya talaka, kwa kuwa kazi yetu ni kusuluhisha kwanza. Akanambia mumewe hakuwa na ugomvi naye. Alimwambia tu, tena kwa kucheka, kuwa ua likishanyauka hutolewa katika chupa. Mama yule hakulia. Aliniuliza: "Sheikh, nyinyi wanaume huyatoa wapi maneno kama haya?" Nilijua pale pale yalikotoka. Yule bwana hakuyatunga. Alikuwa ameyaimba tangu ujana wake, na siku alipohitaji udhuru akayakuta mdomoni tayari yameiva.

Wimbo haukumpa mtu huyo ubaya wa moyo. Huo aliupata penginepo. Lakini wimbo ulimpa maneno mazuri ya kuufunikia, hatta akaweza kumwambia mkewe jambo la aibu na asione aibu.

MIZANI YA MSIKILIZAJI

Atasimama mtu aseme: "Sheikh, ushairi ni mafumbo. Waridi ni fumbo tu, usilichukue kwa dhahiri yake." Nami nakubali kuwa ushairi ni mafumbo, na taarabu khasa imeishi kwa mafumbo. Lakini fumbo ni kama kasha: lazima ndani muwe na kitu. Waridi la nyimbo nyingi za sasa ni kasha tupu. Mtunzi hulitia kwa kuwa lina silabi tatu na linamalizika vizuri kwa kina cha "di". Muulize waridi lake lina harufu gani, hajui. Muulize liko wapi, mtini au mkononi, hajafikiri. Wazee wana neno lao: uzuri wa mkakasi, ndani kipande cha mti.

Kwa hivyo nakupa mizani ya maswali matatu, uyapime nayo mawaridi utakayoyasikia.

La kwanza: nani ameshika ua? Ikiwa mwanamke ametajwa kuwa ni mtu, ana mkono wa kushika na ulimi wa kujibu, wimbo huo una adabu ya kwanza. Ikiwa amegeuzwa kitu cha kushikwa, jihadhari nao.

La pili: waridi li mtini au limekatwa? Anayelisifu waridi likiwa mtini analitakia uhai, hutaja mizizi yake, maji yake, na aliyelipanda. Mwenye kumsifu mke namna hiyo huwataja wazee wake na malezi yake. Anayelisifu likiwa limekatwa amekwisha kulihukumia kufa, naye huliita hayo mapenzi.

La tatu: wimbo unakwisha lini? Ukikwisha pale rangi inapopotea, basi mtunzi wake halijui waridi. Amejua nusu ya khabari. Nusu ya pili ni ile tuliyoiona Jabal Akhdar, ya moto na mvuke na matone, na hiyo ndiyo nusu iliyofika kwetu pwani.

Mizani hii haimhukumu mtunzi kwa kuwa ni wa zamani au wa sasa. Siti binti Saad, aliyefariki mwaka 1950, alikuwa mwimbaji wa taarabu, na mwaka 1928 alisafiri Bombay kurekodi sahani. Katika nyimbo zake mashuhuri umo ule wa Kijiti, unaosimulia kisa cha kweli cha mwanamke aliyeuawa Unguja na muuaji akakimbia. Humo aliyeuawa hakupambwa kwa jina la ua. Ametajwa kuwa ni mtu aliyedhulumiwa, na wimbo ukashitaki pale ambapo haki ilishindwa kupatikana. Basi taarabu yaweza kumwona mwanamke kuwa mtu, imeshafanya hivyo. Anayesema kuwa sanaa hii haiwezi kusimama bila ya kumchuma mtu, ameidharau sanaa yake mwenyewe.

WARIDI LISILO NA HARUFU

Na leo waridi tunaliona kwa macho, tena kwa wingi. Kenya ni miongoni mwa nchi zinazouza mawaridi mengi kabisa Ulaya, na sehemu kubwa hulimwa Naivasha, katika nyanda za juu zenye baridi. Kabla ya tarehe 14 Februari husafirishwa kwa ndege usiku na mchana, na machache hushuka mpaka mijini kwetu, yamefungwa katika plastiki. Aina nyingi za mawaridi hayo zimezalishwa ili zistahamili safari na zikae siku nyingi katika maji. Na katika kutafuta hayo, aina nyingi zimepoteza harufu. Ukilinusa utadhani umenusa karatasi.

Silaumu wakulima, wanatafuta riziki yao. Nasema kuwa nyimbo zimelifuata ua hilo la dukani. Sikiliza nyimbo za vijana: utausikia wekundu, utaisikia miiba, na mara chache sana utaisikia harufu. Hilo si ajabu. Harufu haichumwi. Rangi waweza kuiweka katika picha ukamuonyesha mwenzio, lakini harufu lazima mtu akaribie, akae, asubiri. Wimbo wa rangi ni wimbo wa mpita njia. Wimbo wa harufu ni wimbo wa mtu wa nyumbani.

Enyi malenga wetu, wake kwa waume, waridi si mali ya waimbaji wa tamaa, lichukueni. Mna mrashi wa bibi zenu kabatini. Mwatungieni mabibi na mabwana waliokaa pamoja mpaka meno yakang'oka. Hamna wimbo mtupu kama wimbo wa arusi usiojua siku ya pili ya arusi, na hamna mada pana kama mke aliyeuguza, aliyelea, aliyeunguzwa na taabu za nyumba, na harufu yake ikazidi kuenea katika mtaa mzima. Huyo ndiye waridi, ikiwa lazima mumuite waridi. Mwenye Enzi Mungu katika Suratur Rum, aya ya 21, ametaja kuwa ameweka baina ya mume na mke mapenzi na huruma. Mapenzi huimbwa kila usiku. Huruma nani ameiimba?

Na wewe mzazi, usivunje redio ya mwanao. Ukiivunja atasikiliza kwa jirani. Kaa naye, msikilize wimbo naye, kisha muulize yale maswali matatu. Muulize kijana wa kiume: "Huyu aliyechumwa, baba yake yuko wapi katika wimbo huu?" Muulize binti: "Wewe wataka kuitwa jina la kitu kitakachotupwa Jumapili?" Utaona watoto wana akili kuliko tunavyodhani. Mtoto aliyefundishwa kusikiliza haibiwi na wimbo.

Na wewe bwana mwenye mke, siku atakapokuwa na mvi kichwani na mikunjo usoni, usitafute maneno katika nyimbo. Fungua kabati, utoe mrashi, umnyunyizie kama anyunyiziwavyo mgeni mtukufu, na umshukuru kwa miaka yake. Wazee wako hawakuwa na mwaridi uani, lakini walijua kuwa kilicho bora katika waridi ni kile kinachobaki baada ya ua.

Twamuomba Mwenye Enzi Mungu azitie harufu njema nyumba zetu, ndimi zetu na nyimbo zetu, na atujaalie siku ya mbingu kupasuka tuwe katika waliosalimika. Amin.

Wabillahi taufiq. Wassalamu alaikum.